Kibao cha Meya Sumarlan

Pargiyo aliiona riziki yake siku watu wa mji wa Semarang walipopanga foleni juani kutazama kijiko. Kilikuwa kijiko cha bati tu, ila kiling'aa. Mwaka ule vitu vilikuwa vikiteleza kutoka wakati wao na kuangukia wetu, mara ndoo ya enzi za mababu, mara kiatu cha miaka isiyofika bado. Kila kilichopotea njia namna hiyo kilitoa mwanga wa kijani kwa miezi kadhaa, kisha kikafifia. Wasomi walitaka kujua kwa nini. Pargiyo alitaka kujua bei.

Kabla ya hapo aliuza dawa ya kuotesha nywele, biashara iliyokufa kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa na kipara. Lakini ulimi wake ulikuwa wa kumtoa nyoka pangoni. Akamchagua Haji Sumarlan, mwenye kiwanda cha sigara za karafuu, tajiri wa kila kitu isipokuwa cheo. Mara tatu Haji aligombea umeya, mara tatu akaangushwa, na mara ya mwisho aliangushwa na mtu aliyekuwa amelazwa hospitali. Pargiyo akachongesha kibao cha shaba: H. SUMARLAN, MEYA WA SEMARANG. Akakipaka rangi ya kung'aa, ile inayopakwa mishale ya saa ionekane gizani, akakipeleka ghalani kwa Haji na kuomba madirisha yafungwe.

"Nimekiokota mferejini, Pak Haji," alisema, akimwita baba kwa unyenyekevu wa mtu aliyetoka kuswali. "Nilikuwa nakipeleka kwa wanunua vyuma chakavu. Nikasoma jina, nikaja moja kwa moja kwako."

Haji aliuliza kwa mnong'ono ni mwaka gani hasa. Pargiyo akamjibu kwamba siku zijazo haziwapi maskini tarehe. Machozi yakamlengalenga Haji, akatoa rupia milioni sitini bila kuomba apunguziwe hata moja, jambo ambalo kwa mfanyabiashara wa Semarang ni dalili ya homa.

Tapeli mwenye akili angepanda treni alasiri ileile. Pargiyo alibaki, kwa sababu ya chakula. Haji, akijua sasa kwamba ushindi ni wake, alianza kulisha mitaa na kuchimbua mitaro iliyoziba, na kwenye kila karamu aliyekiokota kibao alikaa meza ya mbele. Bu Retna, yaani Mama Retna, mke wa Haji, alimpakulia mwenyewe tofu na kamba wa kukaanga, akamwongezea mchuzi wa karanga bila kuombwa. Alikuwa mwanamke wa maneno machache. Ndiye aliyekiendesha kiwanda, mumewe akiendesha ndoto.

Wiki ya tatu alimwita Pargiyo ua wa nyuma, kwenye kisima. Juu ya ukingo palikuwa na kipande cha bati, kinang'aa kijani kivulini: PARGIYO, MKURUGENZI WA MASOKO YA JIJI. Alisema kimepanda na ndoo. Kuna mkusanyaji wa vitu vya namna hiyo kutoka mji wa Solo anakitaka kwa milioni tisini, ila yeye ameona si vizuri kuuza jina la mtu bila kumuuliza mwenyewe.

Pargiyo alicheka moyoni. Mganga haagui kwa mganga. Akaomba aachwe peke yake, akakisugua kwa ndimu, kwa mchanga, kwa petroli. Rangi yake yeye ingetoka kwa tone la kwanza la ndimu, lakini mwanga huu haukutikisika. Hapo akaketi chini. Maisha yake yote hakuwahi kushika kitu cha kweli, na hakujua auweke wapi uso wake. Mkurugenzi. Mama yake alikufa akiamini mwanawe ataishia jela.

Alitoa milioni sitini zilezile, akauza pikipiki na bangili ya dhahabu ya marehemu mama yake, akamlipa Bu Retna tisini zote. Kisha akanunua shati la batiki, akawa anapita sokoni kila asubuhi akiwaelekeza wauza samaki wasogeze mabeseni.

Baada ya wiki mbili alikwenda kumuuliza Bu Retna uteuzi utatoka lini. Akamiminiwa chai.

"Bati lenyewe ni la kweli," Bu Retna alisema. "Liliangukia kisimani kwangu, tupu, miezi miwili iliyopita. Maandishi ndiyo yangu."

Pargiyo alikirudisha kikombe mezani. Kutoka barazani ilisikika sauti ya Haji akifanya mazoezi ya hotuba.

"Utamwambia?" Pargiyo aliuliza.

"Nimwambie nini? Amezibua mitaro, maji ya bahari hayaingii tena majumbani mwa watu. Mwache."

"Basi niambie kosa langu, Bu. Nauliza kikazi tu."

"Jina hukulikosea," alisema. "Hakuna ofisi mjini hapa iliyowahi kuandika Sumarlan bila kukosea. Anayejisumbua kiasi hicho anazitaka pesa za mume wangu."

Akampa nauli ya treni na vitumbua vya nazi vya njiani.

Bati pia alimwachia Pargiyo. Lilikuwa kitu halisi kilichopotea njia, na popote pengine lingelipiwa vizuri, kama si jina lililochongwa juu yake, ambalo lingemfaa tu mwenye jina hilo. Treni ilipoanza kwenda upande wa Pekalongan, Pargiyo aliliweka magotini likiwaka taratibu, akawageukia abiria wa kiti cha mbele, akawasalimu kwa adabu, na kuanza kuwauliza mmoja mmoja wanaitwa nani.