Kumuaga Ambrosi kwa Heshima

Jumatatu, 3 Juni 1968
Nagombea ubalozi wa nyumba kumi hapa Kanyenye. Nastahili! Nani mwingine ana hoteli, redio na suti? Lakini Maua, mke wangu, kaniharibia siku. Anasema Azimio halitaki kiongozi mwenye kuajiri watu, nitaitwa mnyonyaji. Mimi! Mwajiriwa wangu ni mmoja tu, Ambrosi mpishi, tangu enzi za Mwingereza. Basi aende. Ila aende kwa heshima, asije akanichafulia jina.

Jumatano, 5 Juni
Nimemwita Ambrosi uani, nikamweleza kwa upole kwamba kazi imekwisha. Kacheka mpaka akashika ukuta! Yeye Mgogo, mimi Mnyamwezi, watani tangu babu zetu wabeba mizigo walipokuwa wakipita kwao kwenda pwani. Akasema na yeye ananifukuza mimi, nifungashe virago. Kisha akarudi kukanda unga wa maandazi.

Ijumaa, 7 Juni
Nimevaa suti, nimerudia maneno kwa uso mkavu. Akanivua kofia, akaivaa, akasema hicho ndicho kiinua mgongo chake. Wateja wakapiga makofi. Na kumkasirikia mtani ni aibu! Kofia mpya kabisa!

Jumapili, 9 Juni
Leo nilimuaga mbele ya mkutano wa uchaguzi, asipate pa kuchekea. Hotuba tamu mno. Nikasema Ambrosi ni mfanyakazi halisi, hajamnyima mtu chai, msibani ndiye wa kwanza kuwasha moto, magomvi huyamaliza kwa mzaha. Kina mama wakafuta machozi. Ambrosi hakucheka. Akauliza kama ni kweli, si utani. Nikasema kweli. Akashusha kitambaa cha jikoni begani, akakikunja vizuri, akaniwekea mezani. Niliumia. Kidogo tu.

Kisha wakamchagua yeye! Mimi nimepata kura moja, na Maua anaapa si yake.

Jumanne, 11 Juni
Hoteli tupu. Maandazi yangu hayaumuki, maharage yameungua. Dhuluma! Mtu nimekaa naye miaka yote, leo kaniacha bila mpishi! Nimekwenda kumshtaki kwa balozi. Balozi, kofia yangu kichwani, akasikiliza shauri lote bila kutabasamu, akaamua nimwombe mpishi radhi.

Ng'o! Jumapili namuaga tena, safari hii kutoka kwenye ubalozi. Mbele ya watu wote, kwa heshima zote. Hotuba ninayo.