Maiti Aliyelizwa na Mama Mwavita

Leo nimefukuzwa kwenye kifo changu mwenyewe. Msianze kucheka, bado sijafika popote.

Mnamjua Mama Mwavita? Hamumjui, najua. Ni yule anayecheza jirani, shangazi, mjane kwenye filamu, na jina lake huandikwa mwisho kabisa wakati watu wameshavaa kandambili waondoke. Lakini ule muziki mnaotoka mkiuimba baada ya filamu, ni yeye anayeutunga! Mtoto wa kijiji cha Wamaza, na likembe la bibi yake, kile kinanda kidogo cha kupigwa kwa vidole gumba, anarekodi kwa simu. Mimi namheshimu kuliko wote wenye majina makubwa.

Basi amekuja hapa kwetu mjini Kasongo na kundi lake kupiga filamu ya matanga. Wakatafuta maiti. Nikachaguliwa mimi, muuza mawese, kwa sababu nimekonda (mke wangu akasema hatimaye kukonda kwangu kumepata kazi). Nikatangaza soko zima. Mama mkwe, ambaye tangu nimwoe binti yake anasubiri kuona kazi ninayoiweza, akapanda pikipiki kutoka Kabambare kuja kushuhudia.

Asubuhi nikalazwa mkekani, shuka hadi kidevuni, pamba puani. Mama Mwavita, mjane wangu, akaniinamia.

"Papa, kazi yako ni kulala tu. Usitingishike."

Nikamwambia asiwe na wasiwasi, kulala ndicho kipaji changu.

Kamera ikawashwa. Akaanza kuimba wimbo wake mpya, polepole, wa mke anayemuuliza marehemu ukoko wa wali sasa atakula nani. Jamani! Nikamlilia marehemu. Nikasahau kwamba ni mimi. Chozi la kwanza likateremka hadi sikioni. Nikajibana. Likaja la pili. Kisha kamasi (samahani), pamba ikalowa, pumzi ikaniishia, nikatoa kwikwi moja kubwa, na pamba ikaruka ikatua kwenye kilemba cha mjane.

Mwongozaji akasimamisha kila kitu. Nyuma ya waombolezaji nikasikia sauti ninayoijua vizuri, ya mama mkwe.

"Huyu hata kufa hajui."

Nafasi yangu akapewa fundi baiskeli wa jirani. (Amekufa vizuri, mara moja tu. Nimeumia.)

Nilikuwa nyuma ya nyumba najifuta uso, Mama Mwavita akanifuata na simu yake.

"Papa, mu kazi hii nimeliza watu wengi. Maiti, ni mara ya kwanza."

Akanisikilizisha. Kwikwi yangu imenaswa katikati ya wimbo, na anaiacha humohumo, kwa sababu katika waombolezaji wote hakuna aliyelia namna ile. Nikatamani kulia tena.

Kwa hiyo filamu ikifika, msinitafute kwa macho. Sikilizeni. Na mama mkwe akiwa karibu, mwambieni taratibu: kufa kumemshinda, lakini kujililia anaweza.