Sinema ya Kichina Iliyomponza Method

Dunia nzima, mwanamume anayewajua wanawake ni mmoja tu: Method wa Woodbridge, nje kidogo ya D.C.! Amesema mwenyewe, tena hakuna aliyemuuliza.

Mwaka 2006 alitaka kumwoa Flaviana, dada wa watu aliyekuwa akihudumia wazee. Sasa Flaviana kapata nafasi ya kusomea unesi Chuo Kikuu cha Columbia, nao wanasubiri jibu. Method hataki hata kusikia. Mke akae nyumbani, apike, basi!

"Nampeleka sinema D.C.," akaniambia. "Filamu ya Kichina, ya zamani kabisa. Wanawake wa enzi zile walikuwa na adabu, bwana! Akitoka pale, namvisha pete."

Mimi nikawa dereva, maana Method maneno anayo, gari hana.

Taa zikazimwa. Kumbe filamu yenyewe haina hata sauti! Bibi harusi kabebwa kwenye kiti chenye mapazia, kanuna huyo.

"Mbona hawasemi?" Flaviana akauliza.

"Adabu hiyo! Mke mwema hapayuki. Tulia, nitakutafsiria. Nimefanya kazi na Wachina wa barabara pale Musoma, Kichina nakinywa kama uji."

Maskini! Kila maandishi ya Kichina yalipotokea, chini yake palikuwa na Kiingereza. Method hakukiona. Miwani kaiacha nyumbani ili aonekane hendsam.

Bibi harusi akaruka kutoka kitini, akatimua mbio, shela linapepea.

"Anamuwahi mumewe," Method akatafsiri.

Bibi harusi akashika mkasi, akakata nywele zake zote.

"Zisije zikaingia kwenye mboga."

Akaingia darasani na vitabu kwapani.

"Mapishi hayo!"

Nilijing'ata ulimi, mbavu zinaniuma. Flaviana yeye alikuwa akisoma yale maandishi kimyakimya, machozi yanamtoka. Method akanifinya paja: "Umeona? Imemwingia!"

Tulipotoka, jamaa akapiga goti palepale kwenye ngazi, watu wanapita, kiboksi cha pete mkononi.

"Flavi, umejifunza kitu?"

"Sana, kaka Method." Akajifuta macho. "Kesho asubuhi nawapigia Columbia, nawaambia naenda."

"Enhe... na mimi je?"

"Wewe nakushukuru mno. Maana leo nilikuja kukukubalia."