Nilivyopeleka Tako Ukweni

Jumatatu, 15 Aprili 1996

Mvua asubuhi. Mke wangu ameondoka mchana. Mvua tena jioni.

Sababu? Hakuna. Jana baada ya kanisa tulikuwa na wageni, wanakamati wa kituo cha kununulia majani chai. Watu wazito. Nikasema, kwa utani tu, kwamba sukuma wiki ya Mama Fancy ikipelekwa kituoni, karani ataikataa kabla ya kuipima. Wanakamati walicheka mpaka mmoja akapaliwa. Mama Fancy hakucheka. Alimletea yule mtu maji, akakusanya sahani, akaenda jikoni. Leo amemchukua Fancy na mdogo wake, amekwenda kwa wazazi wake Boito. Ameacha uji kwenye sufuria. Neno hakuacha.

Nampa mpaka Jumatano. Mwanamke hawezi kukaa mbali na mwanamume mwenye akili kama zangu.

Jumanne, 16 Aprili

Uji umeisha.

Nimekwenda kwa mjomba wangu, Mzee Isaiah, ambaye husuluhisha ndoa za kijiji kizima. Nilitarajia atatuma wazee wawili Boito wakamrudishe mtu. Badala yake akaniuliza nilisema nini. Nikamwambia. Akafumba macho muda mrefu, nikadhani amelala. Kisha akasema njia ya Boito naijua, na neno "pole" si gunia, hata mtoto hulibeba. Nikamshukuru kwa hekima yake isiyo na kazi. Pole ya nini? Iliyokosa ni sukuma.

Lakini Mungu hamtupi mja wake. Nilikuwa nimejinyoosha kwenye benchi baada ya chakula cha mchana (viazi, vibichi katikati) nikapata wazo. Mwaka juzi tulikuwa na mzungu wa kujitolea, Bwana Daniel, aliyefundisha hesabu kwenye sekondari yetu. Kwao ni karibu na Meksiko. Siku moja alitupikia chakula cha huko. Chapati nyembamba ya unga wa mahindi, imekunjwa. Ndani, uyoga uliochomwa kwenye makaa. Juu yake, mchuzi mbichi wa kijani: nyanya ambazo hazijaiva, dhania, kitunguu, pilipili, limau. Mchuzi unaitwa salsa. Chakula chenyewe kinaitwa tako.

Najua Kiswahili kina maoni yake kuhusu jina hilo. Si kosa langu. Watu waliosoma huangalia chakula, hawaangalii jina.

Mpango: nitapika tako ukweni. Mama Fancy ataonja, ataelewa chakula ni nini, ataona haya, atarudi. Bila mimi kuomba radhi! Mzee Isaiah akae na magunia yake.

Alhamisi, 18 Aprili

Jana sikuandika. Nilikuwa vitani na chapati.

Unga wa mahindi peke yake haushikani. Ya kwanza ilivunjika nikiigeuza. Ya pili ilivunjika nikiitazama. Ya tatu ilikuwa ugali tu, wenye huzuni. Nikachanganya na unga wa ngano, zikashika. Zikashika na kikaango pia.

Uyoga uko tele kwa hii mvua. Nimejaza kikapu. Ila jirani mmoja alipopita akaniuliza nimemchoka nani. Nikaona nijaribu kwa mbwa. Alinusa, akanitazama kama anayeniaga, akaenda kulala kwa watu wengine. Nikaumwaga wote. Nikakumbuka bibi yangu alikuwa akichuma ule wa kwenye kichuguu tu, wenye mzizi mrefu unaozama kwa mchwa. Nimepata mwingi nyuma ya shamba. Nikala kidogo asubuhi. Sasa ni jioni na bado naandika, kwa hiyo ndio wenyewe.

Mchana nilikwenda Litein kutafuta dhania na unga. Dukani nikamkuta shemeji yangu Kipngetich, kaka wa Mama Fancy. Yeye anafanya kazi kiwanda cha chai, anavaa koti la kazi hata sokoni ili tusisahau. Aliniamkia kama mtu anayelipa kodi. Nikaona nimtume habari, wakwe wajiandae. Nikamwambia awaambie nyumbani kwamba Jumamosi naja, na mama yake nitampa tako, ya moto kabisa.

Kipngetich akaweka mwavuli chini.

"Mama yangu?"

Nikamwambia ndiyo, mama kwanza, kisha mzee, kisha kila mtu atakayekuwa pale, mimi si mchoyo.

Akatoka bila kuaga, akaacha kwenye kaunta sukari aliyokuwa ameshalipia. Wivu ni ugonjwa mbaya. Sukari nimemhifadhia. Nyingi yake.

Ijumaa, 19 Aprili

Siku mbaya. Nianze na kuku.

Nilihitaji wavu wa kuchomea uyoga. Mwenye busara hanunui kitu kilicho kwake. Jana jioni nilikata kipande cha wavu kwenye mlango wa banda la kuku, nikaziba pengo kwa gunia. Asubuhi gunia liko chini na manyoya yako kila mahali. Nguchiro ameingia. Amekula waliotaga zaidi, kama aliyepewa majina. Kuku ni wa Mama Fancy. Nguchiro si wangu. Kwa hiyo siwezi kulaumiwa.

Kisha nyanya. Sokoni wanauza nyekundu tu. Za kijani ziko shambani kwa jirani yangu Mama Muchiri, ambaye alihamia hapa kutoka Nyeri na hupeleka nyanya zake Litein kila wiki. Niliruka ua, nikachuma kiasi cha haja. Zilikuwa za kijani, bado hazijawa nyanya kisheria. Alinikuta nikiruka kurudi.

Alisema mengi. Alisema amezipalilia kwa magoti yake. Alisema mwizi wa kweli angengoja ziive. Nikamweleza kwa upole shughuli ninayoifanya, na jina la chakula, na kwamba wakwe wameshaarifiwa. Mama Muchiri akakaa chini kwenye tope. Alicheka mpaka akashika ubavu. Hasira ikaisha. Akauliza nilituma maneno gani hasa. Nikamwambia, neno kwa neno. Akaacha kucheka.

"Baba Fancy, nenda leo. Nenda sasa hivi ukawaeleze."

Nikamwambia nina vitunguu vya kukata.

Alipoondoka aliniachia pilipili za kwake, zile ndogo, akasema moja inatosha bakuli zima. Mtu aliyenicheka hawezi kunipimia pilipili. Nimeweka kiganja.

Jumamosi, 20 Aprili

Nimefika Boito juu ya lori la majani chai, nimekaa kwenye magunia na kikapu, jiko na makaa yangu. Mvua ilinionea huruma ikaacha.

Nilipoona uwanja wa wakwe, moyo ulijaa. Wazee wameketi duara, makoti na kofia, fimbo mkononi. Yuko baba mkwe katikati. Kipngetich amesimama nyuma yake na amevua koti la kazi, jambo ambalo sijawahi kuliona. Mlango wa mama mkwe umefungwa, na dirisha pia. Nikajisemea, mapokezi gani haya!

Nikasalimu, "Chamgei." Hakuna aliyeitikia. Labda walikuwa na njaa.

Baba mkwe akanitazama tangu viatu mpaka nywele.

"Umeleta?"

"Nimeleta, Mzee."

"Ile uliyomwambia huyu mtoto?"

"Ile ile, Mzee. Niitoe hapa hapa ama tuingie ndani?"

Wazee wawili wakasimama. Kipngetich akasogea. Nikawapa mgongo, nikainama kwenye kikapu, na nyuma yangu nikasikia mtu anamwita Mungu. Nikainuka na wavu wa kuku mkono mmoja na uyoga mkono mwingine.

Ng'ombe alikohoa.

Nikaeleza. Meksiko, Bwana Daniel, chapati, salsa. Baba mkwe akauliza, polepole, kumbe ni uyoga? Nikasema ni uyoga. Akauliza, uyoga tu? Nikasema na dhania. Ndipo nikasikia kicheko nyuma ya lile dirisha lililofungwa, kicheko cha mama mkwe, na ukweni haifai nimsikie akicheka hivyo, kwa hiyo nikajifanya napuliza makaa. Wazee wakaketi mmoja mmoja. Fimbo zikalala kwenye nyasi. Kipngetich akavaa koti.

Nikachoma. Nasema ukweli, harufu ilikuwa safi. Uyoga ulitoa maji, ukaanza kupata mistari ya wavu, chumvi ikalia kwenye makaa. Nikaunguza vidole, nikaendelea. Nikampa baba mkwe ya kwanza, nikaijaza salsa kwa heshima. Akaitia mdomoni nusu nzima.

Alitafuna. Akaacha kutafuna. Akavua kofia, ambayo hakuivua hata siku ya harusi yetu. Machozi yakashuka kwenye mikunjo ya uso bila yeye kuyazuia. Mtu akakimbia na kibuyu cha mursik, akanywa maziwa yale yote bila kupumua. Tukangoja. Akasema angependa nyingine, ila ule mchuzi nimpelekee Kipngetich.

Wakati huo wote Mama Fancy alikuwa mlangoni pa jiko la mama yake, mikono kifuani. Akaja. Akachukua moja, akaondoa pilipili kwa ncha ya kisu kama daktari, akaonja. Akasema chapati ni nene upande mmoja. Kisha akaniuliza kwa nini nimekuja.

Hotuba nilikuwa nayo tayari. Ilihusu mapishi, na mwanamke kukubali kufundishwa. Nikafungua mdomo.

"Nyumba imekuwa kubwa, Mama Fancy. Nikikohoa, inanijibu."

Sijui maneno hayo yalitoka wapi. Moshi, nadhani. Hata macho yalikuwa yanawasha.

Alinishika mkono, akatazama vidole vilivyoungua, akavimwagia maji baridi, taratibu, kwa muda mrefu kuliko vidole vilivyohitaji. Kisha akamwita Fancy, akamwambia atafute viatu vya mdogo wake.

Ushindi! Tako imefanya kazi kama nilivyopanga.

Jumapili, 21 Aprili

Mama Fancy aliwahesabu kuku kabla hajavua kitambaa cha kichwa. Nikamweleza kuhusu nguchiro na tabia yake. Akauliza wavu wa mlango uko wapi. Uko kwenye kikapu, unanuka uyoga. Akachukua nyundo, akaupiga misumari mwenyewe. Sikumsaidia, nisimkatize.

Baada ya kanisa alikwenda kwa Mama Muchiri na ndizi, kwa niaba yangu ambayo sikumpa. Akarudi na nyanya za kijani. Jioni akapika tako. Alizichoma nyanya kwanza kwenye makaa mpaka ngozi ikawa nyeusi, ndipo akaziponda. Pilipili moja. Chapati zake unaona taa kwa upande wa pili.

Zilikuwa nzuri kuliko zangu. Nimeandika hapa kwa sababu hapa hakuna anayesoma. Nilikula mpaka Fancy akaniuliza kama na wao watapata. Kumsifu mama yake sikumsifu. Sifa humharibu mtu.

Jumatano, 24 Aprili

Siku njema kabisa!

Wanakamati wamekuja tena, habari za Boito zimewafikia. Mama Fancy amewaandalia tako. Walikula kimya, kisha wakalamba vidole, watu wazima. Mwenyekiti akasema hajawahi kuonja kitu kama hiki tangu azaliwe, akauliza fundi ni nani.

Nikasimama. Nikaeleza kwamba nimemfundisha mimi, kwamba zamani huyu alijua kuchemsha tu, na kwamba mwanamke ni kama mchai, usipoukata vizuri hautoi chipukizi. Walicheka sana. Nikatangaza kwamba Jumamosi nitatoa mafunzo pale kituoni, wazi kwa wote, na Mama Fancy atanishikia sahani.

Nilipogeuka nimwonyeshe kwa wageni, hakuwepo. Amekwenda chumbani. Naandika haya sebuleni na namsikia huko ndani akivuta sanduku kutoka chini ya kitanda, anafungua kabati, anafunga kabati. Anatafuta kitambaa kizuri cha meza, cha siku ya Jumamosi.

Hatimaye mwanamke amejifunza.