Kuhusu Mtambo Uliomwandika Yotham Amelala

Mwamkulu,
Mpanda.
11 Novemba 1996.

Kwa Mkuu wa Mitambo ya Kushika Hali,
Mpanda Mjini.

Ndugu Mkuu,

YAH: KUFUTIWA USINGIZI MWANANGU

Hujambo wewe na wote wanaokuzunguka hapo ofisini? Sisi wazima, isipokuwa hilo ninalokuandikia. Mimi ni Theopista, mama yake Yotham. Nimesoma mpaka darasa la nne tu, lakini mwandiko unauona mwenyewe. Mwalimu alikuwa akiwaita wa darasa la saba waje wautazame.

Kwanza nishukuru. Kabla hamjatuletea mtambo, mambo ya hapa yalikuwa hayakai. Njia ya kwenda mjini ilihama kila masika, na mipaka ya mashamba ilikuwa inatembea. Sasa mtambo unapita nyumba kwa nyumba juu ya mkokoteni wa ng'ombe, unatazama kwa lile jicho lake la kioo, unakohoa, unaandika kwenye utepe, na ulichokiandika kinabaki hivyo hivyo. Kisima cha Isidori kiliandikwa kina maji, hakijakauka tena. Tunausalimia kama mtu, maana usiposalimiwa unanuna na kutoa moshi.

Lakini jamani, kwa mwanangu mmekosea. Jumanne tarehe 22 Oktoba mtambo ulifika kwangu saa nne asubuhi, ukamkuta Yotham amejilaza kidogo. Tangu siku hiyo hajaamka kule kuamka kwa mtu. Anakula, anaoga, anarudi kitandani. Malalamiko yangu ni haya:

1. Hamkuuliza. Yotham si mtu wa kulala. Alitembea akiwa na miezi minane. Shuleni yeye ndiye alikuwa mpiga kengele, na mpiga kengele halali. Ana urefu wa baba yake na meno yangu. Ukimwona amesimama utapenda.

2. Kuku wa jirani yangu Bernadetha aliandikwa akiwa ameatamia, na mpaka leo ameatamia. Vifaranga wake wameshakua, sasa wao ndio wanamletea mama yao chakula. Huyo ni kuku, tumenyamaza. Mwanangu mimi sinyamazi.

3. Mwanaiddi wa dukani ananitania mbele ya wateja: "Mama Yotham, chukua na shuka basi, za bwana harusi si zimeshatoboka!" Nami namjibu: "Shoga, wako anaamka alfajiri na mchumba hana." Watu wanacheka. Nikifika nyumbani sicheki.

4. Hili ndilo kubwa. Yotham amemchumbia Minza, binti wa Mzee Ngusa wa Kasekese. Mzee Ngusa hatoi binti kwa maneno. Kila anayetaka kuwa mkwe wake analima matuta matano mbele ya macho yake, asubuhi, kabla ya uji, mzee amekaa kwenye kigoda anatazama. Anakuja kwetu Jumamosi hii. Akimkuta kijana kitandani, uchumba umekwisha. Na huyo Minza, Ndugu Mkuu, akiingia jikoni kwangu haniulizi mwiko uko wapi. Ananiita mama bila kufundishwa. Nimezaa wavulana watupu. Huyu binti nilimpenda mimi kabla ya Yotham.

5. Njia zetu tumejaribu. Nimemmwagia maji. Baba yake, Aloyce, amegonga debe sikioni mwake. Yotham akafungua jicho moja akasema, "Mama, mimi nataka, ila mtambo hautaki." Ni mtoto mkweli tangu mdogo.

6. Na nyie mtaumia. Mdogo wake, Fabiani, juzi ameanza kupiga miayo. Fabiani akilala, baba yake naye atafuata, kisha jirani, kisha Mwamkulu nzima, na msimu wa kulima ndio huu. Mtambo utakuja, utakuta kata imelala, utaandika, na itabaki hivyo hivyo. Hapo mtamwongoza nani?

Kwa hiyo naomba utepe ukatwe pale pa Jumanne, kabla ya Jumamosi, na mtambo usipite tena kwangu hata kwa kusalimia.

Nisalimie mama watoto na wanao, nisalimie karani wako mwenye miwani, na Gaudensi, fundi anayetembea na mtambo, mwambie karanga zake nimemtunzia. Hata mtambo wenyewe usalimie, sina kinyongo nao.

Ni mimi, niliyemzaa Yotham,
Theopista Aloyce

Nyongeza: Kabla sijafunga bahasha, Gaudensi amepita kufuata karanga, nikamsomea barua. Akacheka mpaka akapaliwa. Kisha akatoa utepe wa Jumanne ile akanionyesha. Yotham hakushikwa. Mtambo ulimtazama, ukakohoa, ukaandika mstari mmoja tu: HUYU HANA HAJA YA KUSHIKWA, AMETULIA MWENYEWE. Nimemwita Yotham aje asome. Amesema, "Aa," akageukia ukutani. Basi Ndugu Mkuu, hayo ya juu yaache. Tafadhali uleteni mtambo kwangu Ijumaa, mapema. Mimi na baba yake tutamsimamisha shambani, jembe mkononi. Akishalinyanyua tu, andikeni. Msingoje alishushe, maana kulinyanyua mara ya pili siwaahidi.