Kigari Kilichokuwa Njiani Kwenda Jiwe Jeusi

Wazungumzaji wote wa Kiswahili, kuanzia Garland hadi Cedar Hill, jimbo la Texas, walitangaziwa rasmi kwamba sayari ya Mirihi sasa iko chini ya Kurugenzi ya Mawasiliano Fasaha ya Sayari za Mbali, Irving, ghorofa ya pili, juu ya duka la magodoro. Mkurugenzi alikuwa Elibariki. Wafanyakazi walikuwa Capitoline.

Kampuni moja ya anga ya Houston ilikuwa imepeleka huko kigari cha roboti, ikataka kijieleze kama binadamu. Elibariki aliwashawishi wakuu kwamba Kiswahili ndicho lugha yenye adabu kuliko zote, na kwamba katika Kiswahili chenyewe hakuna mfano bora kumshinda yeye. Basi kigari kikafunzwa kuongea kwa voice note zake za miaka kumi na mmoja.

Kazi ya kwanza ilikuwa kufika kwenye Jiwe Jeusi, mita mia mbili tu. Kikifika kabla ya kikao cha Bodi ya kampuni, Elibariki anapandishwa cheo. Kisipofika, Kurugenzi inafungwa, naye anarudi kusukuma viti vya magurudumu uwanja wa ndege, kazi aliyoiaga kwa hotuba.

Kila asubuhi Capitoline, mwanamke wa Bujumbura asiye na maneno mengi, alikiuliza kigari kiko wapi.

"Niko njiani," kilijibu kwa sauti ya Elibariki.

Mkurugenzi akaripoti Houston: chombo kimeingia Awamu ya Njiani. Wiki ya pili kigari kikasema kimebakiza dakika tano. Akaripoti Awamu ya Dakika Tano, na wakuu wakapiga makofi. Wiki ya tatu kikasema, "Nimeshafika hapo karibu, ni foleni tu."

Capitoline akaguna. "Mukubwa, foleni ya nani kule Mirihi?"

"Dada, usibishane na sayansi."

"Hii kitu haijatoka nyumbani. Hata bwana yangu anasemaka vile, kumbe angali anaoga."

"Chombo cha kisayansi hakiogi!" alifoka Elibariki, akajifungia ofisini. Lakini roho haikutulia. Maneno yale aliwahi kuyasikia mahali.

Alhamisi alimtanguliza Capitoline Houston na makabrasha. Ijumaa, kikao kikiwa kimeanza saa nne kamili, saa nne na robo simu ililia nyumbani kwa Elibariki, Cedar Hill, mwendo wa saa nne kwa gari hadi Houston. Elibariki alikuwa na taulo kiunoni, anapiga shati pasi.

"Mukubwa, niko na Bodi. Wanauliza uko wapi."

"Niko njiani! Nimeshafika Conroe, hapo nje ya Houston, nimebakiza dakika tano, ni foleni tu."

Akasikia watu wakinong'ona kwa Kiingereza.

"Wanauliza ni wewe unaongea ao ni kigari."

"Ni mimi!"

"Sawa. Asubuhi niliambia kigari kitume location. Picha imeingia sasa hivi. Kingali juu ya jukwaa lenye kilitua nalo, hakijashusha hata gurudumu moja."

Elibariki aliiweka pasi chini. "Na Bodi imesemaje?"

"Imependa sana huo utaratibu wangu wa location. Kurugenzi haifungwe tena, wamenipa mimi. Sasa wanataka na wewe utume location."

Aliisogeza simu mbali na mdomo. "Alo? Alo? Sikusikii vizuri, network..."

"Hata kigari kilisema vile vile," alisema Mkurugenzi Capitoline. "Tuma."