Injini ya Mke Wangu na Hali ya Dunia

Jumatatu, 4 Agosti

Redio imeniharibia chai. Sijafika nusu ya kikombe, mtangazaji kasema, kwa sauti ya mtu anayetangaza matokeo ya mpira, kwamba viwanda vya magari duniani vinapunguza injini za dizeli. Vingine vimeacha kabisa. Watu wanahamia umeme. Basi. Kisha akaweka muziki. Muziki! Mimi fundi wa dizeli tangu sijaota ndevu. Moshi wake uko mapafuni mwangu, masizi yake yako kwenye kucha zangu, halafu naambiwa msiba huu kati ya hali ya hewa na dansi.

Mke wangu hakusikia. Alikuwa na lake. Ana mashine ya kusaga nafaka kwenye banda la nyuma, aliachiwa na marehemu baba yake, na injini yake siku hizi inatoa moshi wa bluu na kunywa oili kuliko dizeli. Anataka niibadilishie ringi za pistoni, zile pete zinazozuia oili isipande, kabla watu hawajaanza kuleta mavuno, yaani Jumatatu ijayo. Ringi kashanunua. Ziko juu ya kabati, kwenye karatasi yake. Alinikumbusha kwa upole. Upole wa mke wangu ni kitu cha kuogopa.

Nikamwuliza kuna faida gani kumvisha maiti viatu vipya. Akauliza maiti nani. Nikasema dizeli. Akachukua kikombe changu akaenda kukiosha, na chai imo ndani.

Asubuhi nzima nimekuwa kiguu na njia hapa uani. Nikikaa, goti linatikisika. Nikisimama, najikuta nimefika getini. Ng'ambo ya barabara yuko shemeji yangu, kaka wa mke wangu, na duka lake la betri na paneli za jua. Kajikalia kwenye kiti cha plastiki, mikono misafi kama karani. Akanipungia. Kasikia redio huyu! Haiwezekani mtu apunge mkono vile bure.

Nimeamua. Injini ya mke wangu iuzwe sasa hivi, kabla habari hazijaenea. Yeye nitamnunulia mota ya umeme. Atanishukuru. Suala la kumwambia litapata siku yake.

Jumanne, 5 Agosti

Mnunuzi kapatikana. Bwana Kokoto, mwenye machimbo ya mawe nje ya mji, anatafuta injini ya kuzungusha mashine yake ya kuponda. Nilimpigia simu nikiwa chooni, maana nyumba hii ina masikio. Atakuja Ijumaa mchana. Ijumaa mchana mke wangu huenda kumjulia hali mama yake. Mpango hauna hata ufa.

Nimeipaka injini rangi ya fedha. Mke wangu alipita bandani, akaniona na brashi, uso ukamng'aa. Alidhani nimeanza matengenezo. Sikumdanganya. Sikusema neno lolote, niliendelea kupaka tu. Baadaye kaniletea mayai mawili badala ya moja. La pili lilipita kooni kwa taabu, lakini lilipita.

Jumatano, 6 Agosti

Redio tena! Mtangazaji yule yule, hana hata mshipa wa aibu. Leo anasema yanajengwa majumba makubwa ya kompyuta kila pembe ya dunia, na kila jumba linataka majenereta ya dizeli ya akiba, ili umeme ukikatika kompyuta zisizime. Viwanda vya injini kubwa vimezidiwa na oda. Wateja wamepanga foleni.

Sasa dizeli inakufa au haifi? Kwenye magari madogo inakata roho. Kwenye majenereta inanenepa. Kwenye meli bado wanabishana. Mgonjwa gani huyu, miguu imeshapoa na mdomo unaagiza chakula?

Sikumaliza kuvaa. Nilikimbia kwa Mama Vyuma, yule mwenye yadi ya chuma chakavu karibu na soko, kabla dunia haijamfikia. Ana injini tatu kuukuu nyuma ya yadi, majani yameota hadi kwenye mabomba. Nikamwambia nazitaka zote. Hataki ahadi, anataka kitu cha kushika. Nikampa winchi yangu ya mnyororo, ile ya kunyanyulia injini. Akaniuliza kama nina hakika. Nikasema ninayo. Akaniuliza tena, ananitazama machoni. Nikaona anataka nyongeza, mjanja huyu, nikamwongezea sanduku la spana.

Injini tatu sasa zimelala uani. Mbili hazina vichwa. Kuku kaingia kwenye silinda moja na hataki kutoka. Mke wangu kauliza ni nini hivi. Nimemwambia akiba ya uzee wetu. Kauliza habari ya ringi. Nimemwambia kesho. Kauliza winchi iko wapi. Nimemwambia imekwenda kufanyiwa sevisi. Akarudia neno hilo taratibu, "sevisi," kisha akaingia ndani.

Alhamisi, 7 Agosti

Roho juu juu. Kama dizeli inapanda, nauza ya nini? Nimempigia Bwana Kokoto kuahirisha. Kasema lori la kubebea keshaliagiza na yeye si mtu wa kupigwa danadana. Kakata simu.

Nimewaza nikizunguka zile injini hadi kuku kakereka. Mwishowe nimepata jibu. Aje tu. Nitamtajia bei ya kumkimbiza. Atakataa yeye, sitakuwa nimekataa mimi.

Lakini sharti aitamani kwanza! Hakuna raha kumnyima mtu kitu kibovu. Na injini ile ikiwaka inagonga kama mtu anayedai kodi, na ule moshi wa bluu unafika hadi barabarani. Kwa hiyo nimetumia ujanja wa wauzaji wote wa injini chovu: nimemimina oili nzito, nzito kabisa, iliyokusudiwa giaboksi. Ikiwa nzito inaziba mianya na kunyamazisha kelele. Kijiti cha kupimia kilionyesha imejaa. Nikaona kijiti kina woga. Nikaongeza.

Ijumaa, 8 Agosti

Nanuka moshi hadi kwenye nywele. Naandika hivyo hivyo.

Bwana Kokoto kafika na lori na wabebaji. Mimi nimevaa koti langu la harusi, nionekane mshauri wa mambo ya injini. Shemeji naye kavuka barabara kuja kushangaa, kimbelembele kama kawaida yake. Nikaiwasha. Ikawaka kwa adabu! Haigongi, haitoi moshi, inanguruma kama paka aliyeshiba. Bwana Kokoto akaitikia kwa kichwa, karidhika. Nikavuta pumzi nitaje ile bei.

Injini ikaanza kupandisha mwendo. Yenyewe. Sijaigusa.

Nikapunguza dizeli. Ikazidi. Nikafunga dizeli kabisa. Ikazidi! Hapo nikajua. Oili ilikuwa nyingi mno na ringi zimekwisha, kwa hiyo oili ilipanda juu ya pistoni, na injini ikaiona tamu. Ilikuwa haina haja na dizeli tena. Ilikuwa inajinywa yenyewe. Injini ikifika hapo hakuna swichi itakayoisimamisha. Ni kuinyima hewa, au kusubiri ipasuke.

Wabebaji wakala kona. Bwana Kokoto alikimbia mbele yao, sikutegemea kwa umbo lile. Mabati ya banda yanacheza, moshi mweupe umejaa, unga wa zamani unadondoka kutoka darini. Shemeji ananipigia kelele kutoka barabarani nitoke, nitoke. Nikavua koti, nikalisokomeza kwenye mdomo wa hewa, nikalikandamiza kwa mikono yote miwili. Ikavuta mkono mmoja wa koti. Ikavuta kola. Ikapiga chafya, ikatetemeka, ikanyamaza.

Nikageuka, nikamwona mke wangu mlangoni, bado na mkoba begani. Moshi ulimrudisha njiani.

Shemeji alimweleza yote, hakubakiza. Mke wangu alilitazama koti. Yeye ndiye aliyelichagua. Mkono mmoja ulikuwa unaning'inia nje ya mdomo wa hewa.

"Ulipokaa bila kazi mwaka ule, tulikula kwa mashine hii," alisema. "Baba alinikabidhi mimi. Leo nakuta umeiletea lori."

Nilitaka kumweleza kwamba sikuwa nauza tena, nilikuwa nakataa kuuza, tena kwa bei nzuri. Nikaishia kuuvuta ule mkono wa koti.

"Umeniumiza," alisema. "Jumatatu watu wanaleta nafaka. Wakikuta haiwaki nitawapeleka kwa msagaji wa njia panda, nami nitabaki huko huko kumsaidia kazi. Wewe kaa na dunia yako."

Hakupandisha sauti. Alisema kwa upole. Naogopa. Sijawahi kuogopa hivi tangu siku nilipokwenda kumposa.

Jumapili, 10 Agosti

Jana nilijikaza kisabuni nikaenda kwa Mama Vyuma kuomba winchi. Keshaiuza. Sanduku la spana je? Nalo. Alinionea huruma, akaniazima spana chache kutoka humo humo yadini. Nadhani zilikuwa zangu.

Injini ile hainyanyuliki bila winchi. Ikabaki shemeji, ana winchi ya kupandishia paneli juu ya mapaa. Nimepiga moyo konde nikavuka barabara. Dukani hayupo. Nikazunguka nyuma, nikasikia mlio. Mlio ninaoujua kuliko sauti ya mama yangu. Nikasukuma mlango wa mabati.

Jenereta! Ya dizeli! Imefunikwa magunia kupunguza kelele, imeunganishwa na betri zake, zile anazowauzia watu akiwaambia zimejazwa na jua. Shemeji kasimama pembeni na galoni mkononi, kapigwa na butwaa. Alisema wiki nzima kulikuwa na mawingu. Kisha akasema nisimwambie dada yake. Kisha, kwa sauti ndogo sana, akaniuliza kwa nini nozeli, ile ya kupuliza dizeli, inavuja.

Nilicheka hadi nikakaa chini kwenye sakafu. Naye akacheka. Tumekubaliana: mimi nitaitibu jenereta yake na kufunga mdomo, yeye atanipa winchi yake na mikono yake misafi. Tumefanya kazi jana mchana kutwa na leo. Tulimwaga ile oili yote. Tulitoa vipande vya koti hadi ndani kabisa, kifungo kimoja tulikikuta kwenye ekzosi. Hakuna kilichovunjika, nashindwa kuelewa kwa nini. Nikachukua ringi juu ya kabati. Nikazivisha pistoni moja moja, taratibu, na kwa muda ule wote sikuwaza redio. Goti halikutikisika.

Mke wangu alipita mara moja, akatazama, akapita.

Jumatatu, 11 Agosti

Imewaka mara ya kwanza! Moshi hakuna. Ilisikika hadi ng'ambo, na shemeji akasimama kwenye kiti chake cha plastiki kupiga makofi. Watu wamekuja na magunia toka asubuhi, banda limejaa, mke wangu kapakaa unga hadi kwenye nyusi. Mama mmoja alimwuliza nani kaitengeneza. Akanionyesha kwa kidole, akasema, "Huyo, fundi wangu."

Fundi wangu. Mbele za watu. Nilikwenda nyuma ya tangi la maji nikafuta macho kwa kitambaa cha grisi. Sasa yanawasha, lakini sijali.

Nimeapa. Redio sitaigusa tena.

Jumatano, 13 Agosti

Sikuigusa. Iliwashwa jana na kinyozi wa jirani, mimi nilikuwa nanyolewa tu.

Habari yenyewe sikuitegemea. Kumbe duniani kuna watu wanaendesha malori ya dizeli kwa mafuta ya kupikia yaliyokwisha kukaangiwa! Wanayachuja, wanayafanyia hili na lile, sikusikia vizuri hapo kwa sababu ya mashine ya kunyolea. Lakini nimeelewa. Hapo ndipo dizeli inapokwenda! Si umeme, si majumba ya kompyuta. Ni jikoni!

Nilitoka na nusu ya kichwa. Mpishi wa hoteli ya njia panda kanipa debe zima bure, tena kashukuru. Jioni mke wangu alipokwenda kuoga niliyachuja kwa soksi safi nikayamimina kwenye tangi la mashine. Nilikusudia kidogo tu, nione. Lakini debe halina mfuniko, na nusu debe ningelificha wapi? Nikayamimina yote.

Leo asubuhi kuna baridi. Nimelikagua debe, yale yaliyobaki chini yameganda, meupe kama mshumaa. Hilo redio haikulisema.

Naandika haraka, nimejifungia chumbani. Watu wamejaa bandani na magunia yao. Naisikia injini inajaribu, inakohoa, inanyamaza. Mke wangu ananiita. Ananiita tena, na safari hii ni kwa upole.

Nimemjibu kupitia dirishani kwamba asihangaike, tatizo ni la dunia nzima.